Kilichojificha nyuma ya /=

Jumanne jioni mtoto wa kaka yangu aliniletea daftari lake la hisabati dukani. Ana miaka kumi na mmoja, yuko darasa la tano, na tangu mwaka jana anakaa kwangu hapa Isevya ili asome Tabora mjini, baba yake akiendelea na tumbaku huko Kaliua. Maswali kumi, amepata matatu. Hakulia wala hakujitetea. Alilifungua daftari juu ya kaunta, akaweka kidole kwenye swali la pili, akaniuliza jambo moja tu: "Shangazi, penseli ya shilingi tatu na senti sitini na tano inauzwa duka gani?"

Swali lenyewe lilisema mtoto ana sh. 20, amenunua penseli kwa sh. 3.65, je, amebakiwa na kiasi gani. Yeye alikuwa ameandika 17.65.

Penseli nauza mimi mwenyewe, tena nauza mia mbili. Sarafu ndogo kabisa ninayopokea ni ya hamsini, na hata hiyo imeadimika kiasi kwamba maduka mengine yanarudisha pipi mahali pake, jambo ambalo kwangu siliruhusu, kwa sababu mtoto aliyetumwa na hela anatakiwa arudi nyumbani na hela. Senti huyu mtoto hajawahi kuiona. Hajaishika, haijamwangukia mchangani akaitafuta. Anaambiwa atoe senti 65 kwenye shilingi 20, na kwake ni kama kuambiwa atoe mikia ya nyoka kwenye kapu la maembe.

Nilimuuliza amefikaje kwenye 17.65. Akanieleza vizuri tu: ishirini toa tatu ni kumi na saba, halafu ile 65 juu yake hapakuwa na kitu, akaishusha kama ilivyo. Ukimsikiliza utaona hakubahatisha. Alifuata sheria aliyojitungia, na sheria hiyo inasema namba isiyo na mwenzake juu inashuka tu. Kwenye kujumlisha sheria hiyo ingempa jibu sahihi: 20 ukijumlisha 3.65 ni 23.65, ile 65 imeshuka bila mwenzake na hakuna kilichoharibika. Ndiyo maana aliiamini. Kosa la mtoto mara nyingi ni sheria iliyofanya kazi mahali fulani, akaihamishia mahali pengine. Kumwandikia alama nyekundu ya kosa hakumwambii ni wapi sheria hiyo inakufa.

Nikamwambia tuikague kwa njia ya duka. Kama amebaki na 17.65 na penseli imekula 3.65, azirudishe pamoja tuone kama zinafika ishirini. Akajumlisha: 21.30. Akanitazama. "Nimenunua halafu hela imeongezeka," akasema, na hapo hapo akaifuta 17.65 mwenyewe, sikumwambia.

Kufuta ni jambo moja, kupata ni jingine. Nikageuka nyuma kutafuta cha kumwonyeshea, na macho yangu yakatua kwenye vipande vya boksi ninavyoandikia bei kwa kalamu ya wino mzito. Unga 1,800/=. Kiberiti 100/=. Sabuni ya mche 3,500/=. Nikamuuliza: huu mkia una maana gani? Akasema maana yake shilingi. Hata mimi kwa miaka mingi ningejibu hivyo hivyo.

Mkia huo ni mabaki ya uandishi wa zamani, enzi za Mwingereza, ambapo mstari wa mshazari ulitenganisha shilingi na kilicho chini ya shilingi. Kwetu chini ya shilingi kulikuwa na senti, kwa hiyo shilingi moja na senti thelathini iliandikwa 1/30. Marehemu baba aliacha kasha la barua, na kwenye bahasha mojawapo kuna stempu yenye bei hiyo hiyo, 1/30, inasomeka vizuri mpaka leo. Bei isipokuwa na senti, mahali pa senti palichorwa kistari au vistari viwili, kuonyesha hapa hakuna kitu na mtu asije akachomeka namba baadaye. Kwa hiyo 100/= inasema: shilingi mia, senti hakuna. Mshazari ndio nukta, na vile vistari viwili ndizo sifuri mbili. 100/= na 100.00 ni kitu kimoja kilichovaa nguo mbili.

Nilimpa kalamu, nikamwambia asiguse hesabu kabla hajaniandikia ile sh. 20 kama ninavyoandika mimi kwenye boksi. Akaandika 20/=. Sasa fungua huo mkia, andika kilichomo. Akaandika 20.00. Kisha akaiweka 3.65 chini yake, na kwa mara ya kwanza ile 65 ikawa na wenzake juu.

 20.00
– 3.65

Nukta chini ya nukta, shilingi zimekaa upande wa shilingi, senti upande wa senti. Vitabu vyetu vya zamani vilichora kabisa safu mbili, moja imeandikwa sh. na nyingine st., katikati mstari. Nukta ndiyo mstari ule, umefupishwa. Mtoto akishajua hivyo haulizi tena kwa nini nukta lazima zipangane.

Kukopa ndiko kulikomsumbua, maana sifuri zilikuwa tatu mfululizo na kila aliyemwendea hakuwa na kitu. Alimaliza akiwa amepandisha vijinamba juu ya kila tarakimu mpaka ukurasa ukawa kama nywele zisizochanwa, lakini akapata 16.35. Mimi nikamwonyesha njia yangu, ile ya kurudisha chenji, ambayo haina kukopa hata kidogo. Unaanza na bei unapanda kuelekea hela uliyopewa. Kutoka 3.65, ongeza senti 5 unafika 3.70. Ongeza senti 30 unafika 4.00. Ongeza shilingi 16 umefika 20.00. Ulichoongeza chote, 16.35, ndiyo chenji. Hakuna mwenye duka hapa Tabora anayekopa makumi kichwani wakati wateja wamesimama. Mtu akinipa elfu kumi kwa bidhaa za 6,350 nahesabu hamsini, mia sita, elfu tatu, nampa 3,650 yake. Naamini mtoto afundishwe njia zote mbili, ya kukopa ili aelewe namba zimejengwaje, ya kupanda ili aweze kujikagua bila kumngoja mwalimu.

Nikamweleza pia kwamba senti ni mpya kuliko anavyodhani, na kwamba mji wake una mkono ndani ya habari hii.

Kila siku tunasema pesa na hela kana kwamba ni neno moja. Zamani zilikuwa mbili tofauti. Chini ya Wajerumani fedha ya nchi hii ilikuwa rupia, na mwanzoni rupia moja iligawanywa kuwa pesa 64. Ilipofika 1904 wakabadili, rupia moja ikawa Heller 100, na hiyo Heller midomoni mwetu ndiyo ikawa hela. Kwa hiyo pesa lilikuwa jina la sehemu moja ya sitini na nne, na hela jina la sehemu moja ya mia. Neno tunaloombea nauli ni desimali.

Tofauti yake utaiona ukijumlisha. Rupia 2 pesa 40, ongeza rupia 1 pesa 30. Pesa zimekuwa 70, lazima uondoe 64 uzifanye rupia, zinabaki 6, jibu ni rupia 4 na pesa 6. Kila mara uikumbuke 64. Sasa fanya kwa hela: rupia 2 hela 40, ongeza rupia 1 hela 30, unapata rupia 3 hela 70, yaani 3.70, na umejumlisha kama namba za kawaida bila kukumbuka lolote. Hapo ndipo nguvu ya desimali ilipo. Kumi za hapa zinakuwa moja ya pale, upande wa kushoto wa nukta na upande wa kulia vilevile. Mtoto anayeweza 240 kujumlisha 130 ameshaweza 2.40 kujumlisha 1.30, kilichobaki ni kujua nukta ikae wapi.

Na mwaka 1916, vita ikiwa imepamba moto na bahari imefungwa, Wajerumani waliishiwa sarafu, wakazitengeneza hapahapa Tabora. Waligonga hela 20 na hela 5 kwa shaba nyeupe kwa nyekundu waliyoiokoteza, na sarafu ya dhahabu ya rupia 15 yenye picha ya tembo, dhahabu yake ikitoka Sekenke. Septemba ya mwaka huohuo Wabelgiji wakauchukua mji. Mtoto alinisikiliza akiwa amesimamisha penseli hewani. Aliuliza tembo alikuwa anaangalia upande gani. Kisha akauliza hela 20 ni rupia ngapi, na kabla sijajibu akajibu mwenyewe, "Nukta ishirini."

Shilingi yenye senti 100 ilikuja mwaka 1921 chini ya Mwingereza, na Benki Kuu yetu ilipofunguliwa Juni 1966 ikatoa sarafu za nchi yenyewe: senti 5, senti 20, senti 50 na shilingi moja. Ile ya senti 20 ilikuwa na mbuni, ya senti 50 ilikuwa na sungura. Mama yangu bado anaiita ya sungura sumni.

Neno hilo sumni lilikuja kunisaidia siku mbili baadaye, kwenye kosa ambalo naliona ni baya kuliko kupanga vibaya, kwa sababu halionekani. Nilimwandikia 9.5 nikamwambia asome kama hela. Akasema shilingi tisa na senti tano. Wengi wanasoma hivyo, na si watoto peke yao. Baada ya nukta, nafasi ya kwanza ni ya sehemu za kumi, ya pili ni ya sehemu za mia. Ile 5 imekaa nafasi ya kwanza, kwa hiyo ni sehemu tano za kumi, na sehemu tano za kumi za shilingi ni senti hamsini. Nusu. Sumni. Senti tano ingeandikwa 9.05, sifuri ikilinda nafasi. Nikamwambia akikuta namba moja tu baada ya nukta kwenye mambo ya hela, ajaze sifuri nyuma yake kabla hajafungua mdomo: 9.5 ni 9.50. Tangu hapo akiona nukta tano anasema sumni, na bibi yake akipiga simu anacheka kusikia neno la ujana wake kwa mjukuu.

Nilitaka aione desimali ikifanya kazi mahali ambapo hakuna mwalimu. Hapo nyumbani ipo kwenye mita ya LUKU, ile ya umeme wa kulipia kabla. Sisi tuko kwenye daraja la watumiaji wadogo, nikinunua umeme wa elfu moja ujumbe unaniletea uniti 8.2. Nikamkabidhi daftari dogo, nikalining'iniza kwenye msumari chini ya mita, kazi yake aandike uniti usiku kabla ya kulala na asubuhi kabla ya shule, kisha atoe.

Asubuhi ya pili alikuja mbio mswaki mdomoni. "Shangazi, umeme umeongezeka usiku!"

Nikaenda kuangalia. Usiku alikuwa ameandika 9.6. Mita ilionyesha 9.60, lakini sifuri ya mwisho aliiona haina kazi, akaiacha. Asubuhi ilisoma 9.45. Kwake 45 ni kubwa kuliko 6, basi uniti zimepanda. Sikumcheka. Nilimwambia airudishe ile sifuri aliyoiacha, aisome kama senti. Uniti tisa na sitini, uniti tisa na arobaini na tano. Alisimama pale mswaki ukiwa umetulia shavuni, halafu akaandika 0.15 na kuizungushia duara. Taa ya nje na simu mbili zilizolala kwenye chaji, ndiyo 0.15 hiyo. Siku iliyofuata alizima taa ya nje mwenyewe, na mimi nikairudisha kuwasha, maana hapa mtaani giza lina gharama yake pia.

Kuna jambo moja kuhusu nukta na koma ambalo lazima niliseme, kwa kuwa lilimgusa mama yangu. Nilimtumia elfu tano kwa simu. Ujumbe wa muamala ukaandika 5,000.00. Akanipigia na sauti inatetemeka: "Mwanangu, laki tano zote hizi za nini? Umeuza nini?" Alizisoma sifuri zote tano kwa mfululizo, na kwa miaka yake sabini na kitu alikuwa na haki, kwani nani aliwahi kumwambia kwamba sifuri mbili za mwisho ni senti zisizokuwepo? Tunawafundisha watoto kwamba koma inatenga elfu na nukta inatenga senti, ila wazee wetu simu ziliwakuta bila darasa hilo. Mtoto wa kaka ndiye aliyemweleza. "Bibi, baada ya nukta usihesabu. Hizo ni zile /= za dukani." Mama akaelewa mara moja, kwa sababu /= anaijua tangu utoto.

Nilikuwa na sababu nyingine ya kulishikilia jambo hili, nayo ni kaka yangu.

Tumbaku ya mkoa huu huuzwa kupitia vyama vya msingi, na bei yake hupangwa kwa dola kwa kilo, kila daraja na bei yake. Dola ina senti, na senti za dola zinauma. Kaka analima, anachoma kwenye bani, yaani banda la kukaushia, anachambua majani na mkewe mpaka usiku, anafunga marobota, anayapeleka kwenye mizani, mteuzi anayapa daraja, kisha anarudi nyumbani na karatasi. Karatasi hiyo imejaa nukta. Kilo zina nukta, bei ina nukta, makato yana nukta. Jasho la msimu mzima linaishia kwenye vitone vya wino ambavyo mtu aliyeishia darasa la saba miaka ishirini na tano iliyopita anavipita kama uchafu wa karatasi.

Nilimtengenezea mtoto mfano. Marobota matatu, kilo 62.5, kilo 58.35, na kilo 71. Nikamwachia apange mwenyewe bila mimi kusema neno, nikijua mtego uko wapi. Kuna wakati, miezi michache tu nyuma, angezisukuma zote ukingo wa kulia kama alivyozoea kwenye namba nzima, tano chini yake tano, chini yake moja ya sabini na moja:

 62.5
58.35
   71

Ukijumlisha hivyo tarakimu kwa tarakimu kutoka kulia, kisha ukaweka nukta palipo na nukta ya katikati, unapata 65.31. Marobota matatu yana uzito wa robota moja. Kilo 126.54 zimepotea, hakuna aliyeziiba, zimepotea kwenye upangaji. Safari hii alianza na 71, akaifungua kama mkia wa dukani, 71.00. Akaifuata 62.5, ikawa 62.50. Kisha akapanga nukta, akachora hata mstari mwembamba ukipita katikati yake kutoka juu hadi chini, akajumlisha. 191.85. Kabla hajanionyesha alikadiria: sitini na kitu, hamsini na nane, sabini na moja, kama mia na tisini hivi. Hilo la kukadiria sikumfundisha mimi, nadhani ni mwalimu wake, na namshukuru sana.

Jumapili kaka alipiga simu. Nikaiweka sauti kubwa juu ya kaunta, mtoto akakaa na daftari.

"Baba, shikamoo."

"Marahaba. Haya, shangazi yako anasema sasa wewe ndiye karani. Andika. Mauzo, dola mia nne kumi na mbili nukta sita."

Akaandika 412.6, akaongeza sifuri.

"Pembejeo, mia moja thelathini na nane nukta saba tano. Ushuru, tisa nukta tano."

Penseli ikasimama. "Baba, hapo kwenye tisa. Imeandikwa nukta tano, au nukta sifuri tano?"

Kimya kidogo. Nilisikia kaka akimwambia mkewe asogeze taa. Tofauti ya hizo mbili ni senti 45 za dola, ambazo kwa shilingi zinazidi elfu moja.

"Nukta tano. Hakuna sifuri katikati."

"Sawa, sumni." Akaandika 9.50. Akayajumlisha makato kwanza, 148.25, kisha akayatoa kwenye mauzo, na midomo yake ilikuwa ikisogea anapokopa. Alipomaliza hakusema jibu. Alirudi chini kwenda juu, akalijumlisha alilopata na makato, akaona 412.60 imetokea, ndipo akaisogelea simu.

"Unapata dola mia mbili sitini na nne na senti thelathini na tano."

"Hapa wameandika 264.35," kaka akasema taratibu. "Ngoja nigeuze. Bado karatasi mbili."